Walisema Ana Mimba, Kumbe ni Diski: Miezi Saba ya Dansa Aliyeshuka Stejini

Wadau wa burudani mtakuwa mnaikumbuka ile klipu. Shoo imepamba moto, wimbo uko katikati, madansa sita wako mbele ya msanii wao, na ghafla mmoja, yule wa kushoto mwenye rasta za rangi ya shaba, anasimama kama mtu aliyesahau kitu nyumbani. Anautazama mguu wake. Kisha anashuka stejini taratibu, ameshika kiuno, wenzake wakiendelea kucheza kama vile hakuna kilichotokea.

Klipu ilikuwa ya sekunde kumi na moja tu, lakini ilitosha. Kufika asubuhi, mitandaoni alikuwa ana mimba ya miezi mitatu. Kufika mchana, mimba ilikuwa ya bosi wake. Jioni akatokea mmoja wa wale wanaojua kila kitu, akaandika kwamba hakuna cha mimba wala nini, binti karogwa na dansa mwenzake anayeitaka ile nafasi ya mbele. Komenti hiyo ndiyo ikapata laiki kuliko zote.

Kilichomshusha stejini ni kipande cha ute kisichozidi punje ya harage, ndani ya mgongo wake.

Amekubali kisa chake kisimuliwe kwa masharti mawili: jina lake lisitajwe, na la bosi wake lisitajwe. Hilo la pili ni kwa sababu bado anahitaji kazi.

Mambo yalianzia kwenye ndoo. Dada huyu ana miaka 27, na tisa kati ya hiyo ameimaliza akirushwa juu, akidakwa, na kujiachia chini kwa mgongo mbele ya maelfu ya watu. Hakuwahi kuumia zaidi ya kuteguka kifundo. Asubuhi moja, maji yametoka Sinza baada ya siku mbili za ukame, akainama kuinua ndoo ya lita ishirini na kugeuka nayo ili aiweke nyuma ya mlango. Akasikia kitu chini ya kiuno, tap, kama uzi umekatika. Akaiweka ndoo chini, akajinyoosha, akaenda mazoezini.

Siku ya tatu maumivu yakahama. Kiuno kilitulia kidogo, lakini tako la kushoto likaanza kuwaka, halafu nyuma ya paja, halafu kigimbi, hadi pembeni ya unyayo kwenye kidole kidogo. Akikohoa, umeme unashuka mguuni. Akipiga chafya, machozi yanamtoka. Kukaa kwenye daladala kuanzia Sinza hadi Kariakoo ilikuwa adhabu, akawa anasimama hata viti vikiwa wazi, na konda anamshangaa.

Akaenda duka la dawa. Jibu unalijua, maana ndilo jibu la kila kitu mjini hapa: UTI. Akapewa antibaiotiki za siku saba. Akaenda duka la pili, wakamdunga sindano ya diklofenaki, na kwa siku moja na nusu akajiona mzima. Hapo ndipo pabaya. Sindano ya maumivu haijui kama una shoo Jumamosi, inazima kengele tu huku moto ukiendelea. Akadungwa tena wiki iliyofuata, na iliyofuata, na vidonge juu yake, akinywa tumbo tupu kabla ya mazoezi. Tumbo likaanza kuunguza. Dawa za kundi hilo zikitumiwa ovyo kwa muda mrefu huchimba vidonda vya tumbo na kuumiza figo, lakini nani alimwambia?

Kwa nini hakusema kwa wenzake? Kwa sababu madansa wanalipwa kwa shoo. Hakuna mshahara, hakuna bima, hakuna likizo ya ugonjwa. Hujacheza, hujala. Na mwezi ule kulikuwa na jambo kubwa zaidi: shoo tatu za Muscat na Dubai, pasipoti zimeshakusanywa. Kwa pesa ile angelipa kodi ya mwaka na kumalizia ada ya mdogo wake. Ukisema unaumwa mgongo, bosi anakwambia pole, na jioni hiyo hiyo kuna binti mwingine anapimwa nguo zako.

Basi akaficha. Na mtu anayeficha ugonjwa huangukia kwenye mikono ya watu wa kificho. Mshkaji mmoja wa gym akampeleka kwa mzee wa kuchua huko nje ya mji, anayesifika kwa "kurudisha pingili". Mzee alimlaza kifudifudi kwenye mkeka, akampaka mafuta ya karafuu, akampandia mgongoni kwa goti na kugandamiza kwa uzito wake wote. Dada anasema alipiga kelele mpaka jirani akaja dirishani. Mzee akamwambia hiyo ndiyo pingili inarudi. Elfu themanini. Alipoinuka, unyayo wa kushoto ulikuwa umeingia ganzi, na ganzi hiyo haikutoka.

Siku nne baadaye ndiyo ile shoo. Kwenye kiitikio kuna staili ya kupanda kwa vidole vya mguu mmoja na kuzunguka. Ameifanya mara elfu. Akapanda mguu wa kulia, sawa. Akapanda wa kushoto, kisigino hakikuinuka. Hakikuuma hata. Alikiamuru na hakikutii, kikabaki kimekaa chini kama cha mtu mwingine. Ndiyo maana kwenye klipu anaonekana anautazama mguu.

Bosi alituma meseji moja: "Pole sana. Ukipona utaniambia." Muscat wakaenda wengine.

Nyumbani kwa mama yake mkubwa alikohamia, wiki mbili nzima alilala kitandani, akiamini kwamba mgongo unapona kwa kulala kama mgomba uliokatwa. Mama mkubwa naye alikuwa na maelezo yake: chango. Kila asubuhi kikombe cha mizizi chungu, na Kurani ikisomwa juu ya maji ya kunywa. Dada alikunywa vyote. Wa mitandaoni alikuwa anawasoma usiku, mmoja baada ya mwingine, mpaka simu ikaisha chaji.

Aliyebadilisha mambo ni mpangaji wa chumba cha uani, mzee aliyepiga besi kwenye bendi za dansi enzi hizo. Alikuja kumjulia hali, akavuta stuli, akamwangalia anavyojigeuza kwa shida.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Maumivu yanashuka mguuni?"

"Yanashuka."

"Nikuulize kitu, usinione sina adabu. Haja ndogo inatoka vizuri?"

Mama mkubwa akaacha kuchambua mchele. Dada akasema inatoka. Mzee akauliza tena: sehemu zile zinazogusa tandiko la baiskeli, akijifuta anazihisi? Anazihisi. Mguu wa pili una nguvu? Unazo. Mzee akashusha pumzi, ndipo akasimulia yake, akiangalia sakafu.

Yeye ilimkuta safarini Morogoro na bendi. Miguu yote miwili ilianza kulegea siku ya Ijumaa, na makalio yakawa na ganzi kama aliyekaliwa na barafu. Mkojo ukagoma. Tumbo limejaa, lakini hautoki. Alipofika zahanati, nesi alikuwa binti wa umri wa mwanawe, akaona haya kumwambia. Akasema tu mgongo unauma, akapewa vidonge. Mpaka Jumapili usiku, wenzake walipomkuta amelowa bila kujijua. Alipopasuliwa, miguu iliokoka. Lakini aliishi na mpira wa mkojo miezi minne, na hadi leo kuna mambo ya chumbani ambayo mkewe aliyavumilia hadi alipofariki. "Siku mbili za haya," alisema. "Ningesema Ijumaa, mwanangu, ningekuwa mtu mwingine."

Alichopata mzee kina jina. Uti wenyewe wa fahamu huishia karibu na pingili za juu za kiuno, halafu nyuzi za neva hushuka kama manyoya ya mkia wa farasi, na ndivyo madaktari wanavyoliita fungu hilo kwa Kilatini. Diski ikilibana lote kwa pamoja, unapoteza mkojo, choo na hisia za sehemu za siri. Hiyo si ya kusubiri Jumatatu wala kutafuta mtu wa kukuombea kwanza. Ni hospitali kubwa, saa hiyo hiyo, hata iwe usiku wa manane, na upasuaji wa haraka. Ni wachache sana wenye tatizo la diski wanaofikia huko, lakini anayefika hana muda.

Kesho yake asubuhi walimpeleka hospitali, mzee akiwa kiti cha mbele cha bajaji anaelekeza njia.

Daktari hakuanza na mashine. Alimwambia tembea kwa visigino, akaweza. Tembea kwa vidole, kushoto kukashindikana. Akamgonga kano ya nyuma ya kisigino kwa nyundo ya mpira: mguu wa kulia uliruka, wa kushoto ukatulia tuli. Akamlaza chali, akainua mguu wa kushoto ukiwa umenyooka, na haujafika hata nusu umeme ukampiga hadi kwenye unyayo. Kabla ya picha yoyote daktari alishasema: diski ya mwisho kabisa kiunoni, ile iliyo juu ya mfupa wa nyonga, inabana mshipa wa fahamu wa kushoto. Diski mbili za chini kabisa ndizo zinazobeba karibu kesi zote za aina hii, na kila mshipa una njia yake mguuni, kwa hiyo ganzi ya kidole kidogo na kisigino kisichoinuka vilikuwa vimeshataja jina la mwizi.

MRI ilithibitisha. Hela yake ilikaribia kodi ya miezi mitatu, na ilipatikana kwa kuuza rasta za akiba, spika na simu ya pili. X-ray isingesaidia, maana inaonyesha mifupa na diski si mfupa.

Sasa hapa daktari alimfafanulia kitu ambacho wengi wanakikosea. Diski haihami wala haitelezi, na hakuna goti la mtu litakaloirudisha. Chukua zile barafu za ukwaju za kwenye kifuko tulizokuwa tunanunua shuleni. Nje kuna gamba gumu, ndani majimaji mazito. Ukiibana upande mmoja kila siku, kuna pembe inadhoofika. Siku moja inatoboka na ukwaju unaruka upande wa pili. Diski ni hivyo: gamba la nyuzi nyuzi nje, ute kama jeli ndani. Miaka tisa ya kuangukia mgongo ilichosha gamba, ndoo ikamalizia. Na asubuhi ndoo ina nguvu zaidi, kwa sababu usiku diski hufyonza maji na kuvimba, ndiyo maana mtu huamka akiwa mrefu kidogo kuliko alivyolala. Kuinama na kujipinda kwa pamoja umebeba mzigo, muda mfupi baada ya kuamka, ni kulibana gamba likiwa limejaa.

Dada akauliza swali moja tu: "Nitacheza tena?"

Daktari akamwonyesha picha ya mtu mwingine, diski imetuna vilevile. Huyu, akasema, hana maumivu yoyote. Uchambuzi mmoja uliotoka mwaka 2015, uliokusanya picha za watu zaidi ya 3,000 wasioumwa mgongo kabisa, ulikuta karibu watatu kati ya kila kumi wenye umri wa miaka 20 wana diski iliyotuna. Wapo mitaani, wanacheza, hawajui. Kwa hiyo picha ikisoma "diski imetuna" haijakuhukumu. Kinachoangaliwa ni mguu wako unafanya nini na unaelekea wapi.

Na kitu cha ajabu zaidi: ule ute ukishatoka nje ya gamba, mwili unauona kama mgeni. Chembe nyeupe za damu zinaufuata na kuula kidogo kidogo. Mara nyingi vipande vikubwa vilivyotoka kabisa ndivyo vinavyosinyaa zaidi. Walio wengi hupata nafuu ndani ya wiki sita hadi kumi na mbili bila kisu.

Lakini kisigino kilikuwa hakiinuki, na hapo maneno ya kutia moyo hayatoshi. Daktari aliweka chaguo mezani. Upasuaji upo, mdogo, wanatoa kile kipande kinachobana. Au kusubiri wiki sita huku nguvu ya mguu ikipimwa kila wiki, na ikishuka hata kidogo, moja kwa moja chumba cha upasuaji. Akamweleza utafiti wa Uholanzi wa mwaka 2007 uliowachukua wagonjwa 283 wenye maumivu makali ya mguu. Nusu walipangiwa kupasuliwa mapema, nusu wakasubiri. Waliopasuliwa mapema walipumua haraka zaidi. Baada ya mwaka, makundi yote mawili yakawa sawa, 95 kati ya kila 100 wakisema wamepona. Katika kundi la kusubiri, 39 kati ya 100 waliishia kupasuliwa baadaye. Kwa hiyo wote wawili, anayepasuliwa na anayesubiri, wanaweza kuwa sahihi.

Familia iligawanyika vibaya. Kaka yake akataka kisu hata cha mkopo. Mama mkubwa hataki kusikia, kwa kuwa mtaani kwao kuna aliyepasuliwa akakaa kwenye kiti cha magurudumu. Rafiki mmoja akamtumia habari za Tiger Woods, aliyepasuliwa mgongo 2014, akarudi kisuni tena na tena hadi walipomuunganisha pingili 2017, halafu 2019 akashinda Masters. Kila mmoja akasoma habari hiyo anavyotaka. Dada aliangalia kitu kimoja: miaka mitano, ya mtu mwenye pesa zile.

Akachagua kusubiri. Anasema hakuwa jasiri, hela ya upasuaji haikuwepo, na daktari alimhakikishia kwamba kusubiri kwa kupimwa ni tiba.

Kitanda kikapigwa marufuku. Siku moja au mbili za kulala wakati maumivu ni makali, sawa. Wiki mbili ni kujidhoofisha. Mtaalamu wa mazoezi tiba, kijana mpole anayeongea kama anasoma taarifa ya habari, alimwanzishia kutembea dakika tano, mara sita kwa siku, kuzunguka uwanja wa shule. Halafu kulala kifudifudi na kujiinua kwa mikono huku nyonga zikibaki chini. Zoezi hilo lina kisa chake. Mwaka 1956 huko Wellington, Nyuzilandi, mgonjwa wa mtaalamu aitwaye Robin McKenzie alijilaza kimakosa kifudifudi kwenye kitanda kilichokuwa kimeinuliwa upande wa kichwa. McKenzie aliporudi akashtuka kuona mgongo umepinda vile, lakini mgonjwa akasema mguu haujawahi kuwa na nafuu hivyo. Tangu hapo watu wanalifanya duniani kote. Haliwafai wote, wengine huwazidishia, ndiyo maana unahitaji mtu wa kukuangalia na si video.

Wiki ya tatu alipiga simu kwa yule kijana akilia. Kiuno kinauma kuliko mwanzo!

"Na kigimbi je?" akaulizwa.

Akanyamaza. Kigimbi kilikuwa kimya. Paja kimya. Maumivu yalikuwa yamepanda kurudi kiunoni, na kijana akacheka kwa mara ya kwanza. Yakishuka chini zaidi ndiyo ya kuogopa, yakirudi juu, mshipa unaachiwa.

Nguvu hazikurudi kwa kasi hiyo. Mshipa wa fahamu ukishabanwa, hupona polepole mno. Kipimo chao kilikuwa kimoja: kusimama kwa mguu wa kushoto, kidole kimoja kimegusa ukuta, na kuinua kisigino. Mguu mzima wa kijana unafika ishirini na tano. Wiki ya kwanza alipata sifuri. Wiki ya sita, kimoja cha kutetemeka, na daktari akasema kisu kisubiri. Mwezi wa tatu, saba. Katikati hapo shisha ikaachwa, kwa kuwa uvutaji unahusishwa na diski kuchakaa, na mtandao ukafutwa kwenye simu.

Mwezi wa tano akamwandikia bosi ujumbe mrefu, akaeleza kila kitu, ndoo, sindano, mzee wa kuchua. Jibu lilikuja siku ya pili. Nafasi ya mbele ina mtu sasa. Ila kuna wimbo mpya, na wanahitaji wa kuwafundisha madansa staili, analipwa kwa siku za mazoezi. Alikubali kabla hajamaliza kusoma. Siku ya kwanza alikataa staili mbili za kuangukia mgongo, na mabinti wawili wakamfuata chemba baadaye, kila mmoja kwa wakati wake, wakimuuliza maumivu ya tako yanayoshuka mguuni ni nini. Wote wawili walikuwa wanadungwa sindano kila Jumamosi. Aliwauliza kwanza swali la yule mpiga besi.

Kidole kidogo bado kina ganzi, na kano ile daktari akiigonga bado imekaa kimya. Huenda isiamke tena. Ndoo sasa anaijaza nusu.

Mwezi wa saba, Jumapili jioni, alisimama jikoni huku maharage yakichemka, kidole ukutani, mama mkubwa akihesabu kwa sauti na mwiko mkononi. Kumi na nne. Kumi na tano. Mzee wa besi akatoa kichwa dirishani kwake kusikiliza. Kumi na tisa ikawa ya shida, ishirini kisigino kikagoma katikati, kikapanda. Ya ishirini na moja ilikuwa nusu, na mama mkubwa akaihesabu hivyo hivyo.